Mashine ya Chumba cha Wanawake

Mimi ni mtu wa hasira, na sioni haja ya kulificha hilo. Marehemu mume wangu alikuwa akisema kwamba mchuzi ukizidi chumvi, nitaigombeza chumvi kwanza, kisha sufuria, kisha yeye. Basi habari ya Twaiba nitaisimulia kwa hasira, kwa sababu hivyo ndivyo ninavyoikumbuka, na anayetaka upole atafute msimulizi mwingine.

Twaiba Suleiman ni mzaliwa wa Gazi. Mama yake alikuwa akipanda miche ya mikoko pamoja na kikundi cha akina mama wa kijiji, na yeye alipomaliza kidato cha nne akapata kazi ya kupiga chapa barua na maombi ya kazi katika duka moja la kompyuta hapa Msambweni. Akaolewa na Athmani, nahodha wa boti ya kuvusha wageni kwenda kisiwa cha Chale, mtu mwema anayelala nyumbani siku mbili kwa juma. Ana miaka thelathini na sita, hajajaaliwa mtoto, na hapendi kuulizwa. Maneno yake ni machache. Ukimwuliza jambo ataitazama kwanza mikono yake, ndipo akujibu, na mimi nisiyeweza kungoja chai ipoe nimeshindwa kumzoea mpaka leo.

Kazi yetu ni mikanda ya harusi. Mimi hushika kamera, yeye huzikata na kuziunga picha zangu mpaka zikawa kitu cha kutazamika. Bado tunasema mkanda, ingawa mikanda yenyewe ilikwisha zamani. Asiyejua harusi za kwetu na ajue kwamba siku ya kupamba, bibi arusi hutolewa akaonyeshwa wanawake wenzake, nywele wazi, mabega wazi, hina mpaka magotini. Wageni nao huvua mabuibui mlangoni, na chini yake mna mambo. Simu zote hukusanywa kapuni na mtu akawekwa wa kulilinda kapu. Kamera inayoingia ni moja tu, nayo ni yangu. Mwanamume haingii, awe kaka, awe baba, awe imamu wa msikiti wa Ijumaa.

Picha hizo zikitoka mkononi mwangu huenda kwa Twaiba, na haziendi kwa mwingine. Watu wamemwamini miaka tisa. Kabla mkanda haujakabidhiwa, wanawake humpitia nyumbani kimya kimya. Mmoja ataomba atolewe kwa sababu amepata posa tangu siku ile na hataki mawifi wapya wamwone akikata kiuno. Mwingine ataomba atolewe kwa sababu vazi alilovaa alikuwa ameliazima na mwenyewe hajui. Mwingine hana sababu, anataka tu asiwemo. Twaiba huyaandika yote kwenye daftari lake, akawatoa mmoja mmoja, bila kucheka na bila kumhadithia mtu. Chumba chake cha kazi kina pazia zito na komeo, na Athmani mwenyewe, katika nyumba aliyoijenga kwa jasho lake, hupiga hodi akangoja kuitikiwa.

Mashine yake ya kwanza ilikuwa imetumika ofisini kwa watu kabla ya kumfikia, imepita mikono mitatu. Kila ikifika kwenye ngoma iliganda, bibi arusi akabaki mguu juu, na sisi tukakaa tukingoja mguu ushuke. Mwaka jana ililala moja kwa moja. Twaiba alipoifungua alikuta shaba yake imeota ukungu wa kijani na skrubu zinabomoka kwa kutu. Nyumba yake iko karibu na bahari, na hewa ya chumvi haibagui, inakula mabati, inakula bawaba, inakula na kompyuta.

Akaamua hatanunua tena kitu kilichotengenezwa kwa ajili ya watu wengine. Ataundiwa yake. Aliuza cherehani na bangili mbili, na kwa miezi miwili aliandika anachokitaka, karatasi mbili mbele na nyuma. Alitaka prosesa yenye nguvu na kadi ya picha isiyochoka. Alitaka diski ya kasi ya kufanyia kazi, na mbali na hiyo, diski za kuhifadhi zikae kwenye droo za kuvutwa, kila harusi na diski yake, ili mkanda ukiisha familia ikabidhiwe kila kitu, pasibaki kwake hata unyasi. Alitaka feni zenye vichujio vya kufuliwa. Mwisho, akapigia mstari, isiwe na kamera, isiwe na kipaza sauti, na isiwe na kifaa chochote cha kupokea mtandao. Alisema mashine itakayokaa na wanawake waliovua mabuibui haina sababu ya kujuana na ulimwengu.

Hapo ndipo nilipotia mdomo wangu. Nilimwambia asihangaike kwenda Mombasa, mtoto wa dada yangu anaunda kompyuta Ukunda.

Swafwan ni mtoto wa dada yangu mkubwa, Tumu. Nimemwogesha, nimembeba mgongoni, nimemlisha uji. Alisoma Mombasa mambo ya kompyuta, akafungua duka dogo Ukunda ambako vijana wa bara humjia na Kiingereza chao cha michezo ya kwenye skrini, naye huwaundia mashine zinazowaka taa za rangi kama gari la arusi. Alizisoma karatasi za Twaiba akatabasamu alipofika kwenye droo, lakini hakubisha. Baada ya majuma matatu alisema imekuwa tayari, na bodi kuu aliyoipata ilikuja na kifaa cha mtandao usio na waya humo humo. Kimo tu, alisema, hakina madhara, atakizima. Twaiba aliitazama mikono yake, akakubali. Kukubali kule ndiko anakojilaumia mpaka leo, na mimi nikimsikia anajilaumu hupandwa na hasira upya.

Swafwan aliileta siku ya Jumamosi. Akaifungua sebuleni, akaiunganisha sebuleni, akaijaribu sebuleni, na tulipomwambia aingie aiweke mahali pake alikataa katakata. Chumba chenyewe kilikuwa kitupu, hakuna picha hata moja, lakini akasema hicho ni chumba cha wanawake na yeye hakikanyagi. Tukaibeba mimi na Twaiba. Nikamsifu, na tena nilimsifu mbele ya majirani, nikasema huyu ndiye kijana aliyelelewa. Ningejua ningemeza ulimi wangu.

Chumbani Twaiba alifanya kazi siku tatu peke yake. Aliiweka meza upande wa ukuta wa ndani, mbali na dirisha la bahari, na kasha akalipandisha juu ya matofali mawili ili vumbi la sakafuni lisivutwe. Juu ya vichujio vya feni akashona neti ya chandarua, ya kufuliwa kila Ijumaa. Alimwita fundi wa umeme akachimbia chuma nje ya nyumba na waya wa kwenda ardhini. Akanunua na ile betri ya akiba ambayo mafundi huiita yupiesi, kwa sababu umeme wa huku hukonyeza kila mara, na konyezo moja linatosha kuua kazi ya mchana mzima. Kisha akaanza kurekebisha rangi za skrini. Alivaa bangili ya dhahabu, akatia hina kwenye kiganja, akakaa na mkono wake pembeni ya picha, akigeuza na kugeuza mpaka dhahabu ya kwenye skrini ikawa dhahabu na hina ikawa hina. Nilimwambia hakuna atakayetambua tofauti. Akasema bibi arusi atatambua.

Na kweli, mashine ilikuwa nzuri. Kwa majuma sita ilikata mikanda mitano bila kuganda hata mara moja. Wa kwanza ulikuwa wa binti yangu Yusra, aliyeolewa na Ishak, mwalimu wa huko Samburu. Yusra yuko kwangu kwa sasa, anangoja nyumba yao ikamilike, na mumewe huja mwisho wa mwezi. Mkanda wake niliutazama mara tatu kwa Twaiba, nikalia mara tatu, na diski yake ikabaki drooni kungoja nyumba ya maharusi ikamilike.

Kila asubuhi kabla ya kuanza kazi, Twaiba alikuwa akipitisha mkono nyuma ya mashine kuhakikisha hakuna waya wa mtandao uliochomekwa. Hakuna waya, basi hakuna mtandao, ndivyo alivyojua. Athmani alikuwa na mtandao wake sebuleni wa kuzungumza na jamaa zake, na hatukuuwazia kabisa.

Kisha ikaja ile Jumatano. Saa nne asubuhi nilimpelekea Twaiba kadi za kamera za harusi nyingine. Kwenye skrini alikuwamo Muhsina, msichana wa mtaa wa pili, amekaa kwenye kiti cha bibi arusi, ameupa mgongo umati ili waione hina iliyochorwa tangu shingoni mpaka kiunoni. Twaiba alikuwa amekishika kikombe cha chai kwa mikono yote miwili. Mshale wa kipanya ukatembea.

Nilidhani ni macho yangu. Ulitembea polepole mpaka pembeni, ukafungua kidirisha chenye namba, ukatulia, ukakifunga. Hapakuwa na mkono juu ya meza. Twaiba alikiweka kikombe chini, akainama, akachomoa waya ukutani, na mashine haikuzimika. Ile betri aliyoinunua kwa uangalifu ikaanza kulia pi, pi, ikaishikilia mashine kama ilivyonunuliwa ifanye, na mshale ukaendelea kutembea juu ya mgongo wa Muhsina kuelekea upande wa pili. Twaiba akavua leso aliyojitanda akaitupia skrini. Kisha akapapasa betri mpaka akakipata kitufe, na sauti ikakoma.

Nilimpigia simu Swafwan nikamwambia aje sasa hivi, na kama yuko kazini aiache kazi ianguke.

Alikuja kwa pikipiki kabla ya adhuhuri, akasimama barazani, shikamoo zake zote kamili. Nilimwuliza swali moja tu, kama ile mashine ina njia ya yeye kuiingia akiwa mbali. Hakukana. Alisema siku ile ya Jumamosi aliiunganisha na mtandao wa sebuleni ili kukamilisha programu, akaacha humo programu ya kuiendeshea kutoka Ukunda, na akasahau kutuambia. Nikamwuliza kwa nini, naye akatazama chini.

"Mama mdogo, niliona haya kuingia chumba cha wanawake," alisema. "Nikasema ikipata hitilafu niihudumie nikiwa kule kule dukani, nisikanyage ndani. Wallahi ilikuwa ni heshima."

Heshima! Nimesikia mengi katika miaka yangu arobaini na tisa, lakini neno hilo siku hiyo lilinipanda kichwani. Aliheshimu mlango, aliheshimu pazia, aliheshimu sakafu, akaenda kuketi Ukunda akawa anaingia kwenye nyuso zao. Na la kunichoma zaidi ni kwamba alikuwa akilisema kwa moyo safi. Alidhani tutamshukuru. Alisema aliingia mara mbili tatu hivi, kuangalia joto la mashine, na kwamba hakutazama kitu. Twaiba, aliyekuwa amesimama nyuma ya mlango, alimwuliza kama ana picha yoyote aliyoichukua. Akaapa kwamba hana. Nikamfukuza.

Nilimwambia Twaiba kwamba wote waambiwe, leo, wote watano na mama zao, hata wakitupiga mawe. Nilisema anayeficha jambo kama hili ni sawa na aliyelifanya. Nililisema kwa sauti, na majirani wa nyumba mbili wanaweza kushuhudia. Twaiba akasema anataka kwanza kujua ni nani na nani, asiende kumtia hofu mtu ambaye hakuguswa. Nilimwona mwoga, na nikamwambia hivyo usoni.

Alhamisi asubuhi aliuzima mtandao wa sebuleni, akaiwasha mashine, akaitafuta ile programu. Hakupiga chapa bure miaka ile dukani. Programu ilikuwa na kumbukumbu yake yenyewe, siku na saa ya kila mara iliyofunguliwa kutoka mbali, na muda iliodumu. Mistari ilikuwa tisa. Swafwan alikuwa amesema mara mbili tatu. Twaiba akalifungua daftari lake la kazi, maana yeye huandika kila saa anachokifanya, akaweka kidole kwenye mstari na kidole kwenye daftari. Muhsina, mara tatu. Warda, mara mbili. Wawili wengine hawakuguswa. Mara nne zilizobaki zilikuwa katika siku za mkanda wa Yusra, na moja katika hizo ilianza saa nane mchana ikadumu dakika hamsini na mbili. Kwenye daftari, saa hiyo, Twaiba alikuwa ameandika kwa mwandiko wake wa kupendeza: Yusra, kucheza chakacha na wenzake.

Nakumbuka nilisema, "Huenda aliiacha wazi akaenda kula."

Nilijisikia nikilisema. Jana yake nisingemkubalia Swafwan dakika mbili, na leo nilikuwa ninamtafutia udhuru wa dakika hamsini na mbili, tena yeye mwenyewe hajauomba. Mkuki kwa nguruwe, kwa mwanadamu mchungu. Twaiba alilifunga daftari na akasema atakwenda nyumba tatu.

Nilirudi nyumbani nikamkuta Yusra anachagua mchele. Akaniuliza mbona uso umenivimba, nikasema ni jua. Tukala pamoja. Hasira yangu haikuwa imepungua, lakini ilikuwa haijui tena pa kwenda, ikawa inamrukia kila mtu: mwuza samaki, paka, Athmani na mtandao wake, wageni wa bara na michezo yao.

Ijumaa baada ya sala dada yangu Tumu alikuja na bakuli la samaki wa kupaka. Nilijua amekuja kwa nini kabla hajavua viatu. Alilia kidogo, kisha akazungumza sana. Swafwan hali chakula. Swafwan ana posa Diani na wazazi wa msichana ni watu wa dini. Swafwan na Yusra wamekua pamoja, na nani asiyejua kwamba Yusra ana nywele. Nilikuwa na jibu la kila moja, na sikulitoa hata moja. Mwisho akagusa pale alipojua panauma. Alisema Ishak ni mtu wa wivu, na ndoa ni changa, ina majuma sita tu, na neno likitoka halirudi.

"Mdogo wangu, mwambie huyo Twaiba awaambie wa nje," alisema. "Yetu tuimalize sisi."

Alasiri nikaenda kwa Twaiba. Alikuwa ameifungua mashine juu ya mkeka, anakichomoa kile kifaa cha mtandao kwa koleo ndogo, na skrubu amezipanga kwenye kisahani. Nilimwambia Warda na Muhsina ni haki yao wajue, mimi siwazuii. Lakini Yusra ni mwanangu, mkanda wake niliuleta mimi, niliyeupiga ni mimi, na mimi mama yake nimekwisha kujua, basi inatosha. Nilimwambia kwa upole, kitu ambacho sikifanyi, na nadhani upole wenyewe ndio uliomshtua.

Aliitazama mikono yake kwa muda mrefu.

"Mama Yusra, kadi ulinipa wewe," alisema. "Uso alinipa Yusra. Amana ni yake, na mimi nitakwenda kuirudisha kwake."

Nikamwambia ana roho ya jiwe. Nikamwambia mtu asiye na mtoto hawezi kujua. Nililisema hilo, na nimeliandika hapa kwa sababu nililisema. Yeye alichukua skrubu kwenye kisahani akaendelea kufunga kasha.

Jumamosi akaenda nyumba mbili za kwanza peke yake. Mimi nilisema miguu inaniuma. Kwa kina Warda, alinieleza baadaye, Warda alisikiliza mpaka mwisho, akauliza angalau yeye alipendeza, kisha akaingia chumbani asitoke tena, na mama yake ndiye aliyeipokea diski. Kwa kina Muhsina alipigiwa kelele mpaka watu wakasimama njiani. Mama yake Muhsina alimwita mwuza nyuso za watoto wa watu. Twaiba hakujitetea, wala hakumtaja Swafwan kwa jina lake, alisema tu fundi. Kabla ya magharibi harusi tatu zilikuwa zimetuma ujumbe kwamba zimepata mtu mwingine. Nikamkasirikia mama Muhsina kwa kelele zake. Ukweli ni kwamba Jumatano nilikuwa nimepiga kelele hizo hizo.

Siku zote hizo Yusra alikuwa ananipikia. Alhamisi, Ijumaa, Jumamosi. Alikuwa akinisimulia nyumba yao itakavyopakwa rangi, na mimi namtazama nywele, namtazama mikono, hina ikiwa imebaki vivuli kwenye kucha, nikimhesabia dakika hamsini na mbili. Mara tatu nilifungua kinywa. Mara tatu nikaomba chumvi.

Jumapili saa nne Twaiba alibisha hodi. Sisi ni watu tunaoingia kila mmoja kwa mwenzake bila hata kukohoa, lakini siku hiyo alisimama mlangoni kwa buibui lake jeusi, akangoja kukaribishwa. Yusra alimkaribisha kwa furaha, akamwekea kiti, akanitaka nikae nami, akaleta vikombe, akabandika birika la chai. Nilikuwa bado na nafasi ya kulisema mimi. Nilikuwa na muda wote birika lilipokuwa likichemka, na nikautumia kufuta meza iliyokuwa safi.

Twaiba alimweleza polepole, hakuruka kitu. Mashine, mtandao, heshima ya fundi, mistari tisa, minne ni yako. Alipofika kwenye dakika hamsini na mbili hakushusha sauti. Alisema, "Sijui kama alitazama. Sitakwambia alitazama, wala sitakwambia hakutazama." Akamwekea diski mapajani, imefungwa kwenye mfuko wake wa kitambaa. Akamwomba radhi.

Yusra aliuliza fundi ni nani. Twaiba akaitazama mikono yake. Nikasema mimi, kwa sababu hapo hapakuwa na mwingine wa kulisema, kwamba ni Swafwan.

Nilikuwa nimejiandaa kwa kilio. Nilikuwa nimejiandaa kwa hasira pia, ningemwunga mkono, tungemlaani Swafwan pamoja mpaka usiku, na mimi ningekuwa mama tena. Yusra hakulia. Alinigeukia akiwa ameishika ile diski kwa mikono miwili.

"Wewe umejua tangu lini?"

Nikasema tangu Alhamisi. Alihesabu. Nilimwona anahesabu, siku kwa siku, na chakula cha kila siku.

"Swafwan kama alinitazama, alinitazama sijui, na yuko Ukunda," akasema. "Wewe mama umekaa mbele yangu siku nne, unanitazama, na mimi sijui."

Nilitaka kumwambia kwamba nilikuwa ninamlinda. Neno lilifika mpaka kwenye ulimi, nikalisikia linavyofanana na lile la Swafwan barazani, nikalirudisha.

Akasimama. Alisema anataka kumpigia simu Ishak sasa hivi, alisikie kutoka kwake kabla ya mtu mwingine yeyote, na kwamba anaogopa. Nikasimama nami, maana binti akiogopa mama ndiye husimama. Akamshika mkono Twaiba, akamwomba akae naye wakati anazungumza. Waliingia chumbani wote wawili, na mimi sikuitwa.